Sura ya Tano: Mwenye Zuio

Fikirini Mwinyikambi hakuwa na ofisi. Hakuwa na gari wala pikipiki, hakuwa na bastola, hakuwa hata na kadi iliyochapwa jina lake ya kumpa mtu. Msaidizi hakuwa naye, na mke hakuwa naye tena, mwaka wa tatu sasa. Meno mawili ya juu yalikwisha kumtoka, jambo lililomfanya azungumze taratibu ili maneno yasichanganyike na upepo. Cheo hakupata kuwa nacho. Miaka ishirini na sita aliyoitumikia mahakama alikuwa mpeleka wito, mtu wa kubisha hodi mlangoni na kumtia mdaiwa karatasi mkononi, na siku ya kustaafu walimzawadia cherehani kwa kuwa mwaka ule wastaafu wengine wote walikuwa wanawake na zawadi zilinunuliwa kwa pamoja. Alichokuwa nacho ni kimoja tu: ukimpa jina, alikuletea mwenye jina. Wafanyabiashara wa Kariakoo walimwita mpelelezi kwa sababu hiyo, ingawa yeye aliliona neno hilo pana kuliko kanzu yake.

Jumatano ile, juu ya yote hayo, hakuwa na muda.

"Ijumaa," alisema Theopista Mrosso. "Muhuri wa posta kwenye taarifa yako uwe wa Ijumaa, mzee Fikirini. Ikipita hapo naanza mwanzo."

Walikuwa wamekaa juu ya mabelo ya mitumba, ndani ya stoo yake nyuma ya Mtaa wa Kongo. Pembeni kulikuwa na godoro lililokunjwa, jiko la gesi na sare mbili za shule zilizoning'inizwa msumarini. Theopista, mjane wa miaka hamsini na kitu kutoka Rombo, alikuwa ameuza shamba la marehemu mumewe na fremu yake ya duka ili anunue nyumba ya Mtaa wa Narung'ombe mnadani. Dalali aligonga nyundo, benki ikapokea chake, yeye akapewa cheti cha mnada. Huu ulikuwa mwezi wa kumi na tatu. Kwenye daftari la ardhi nyumba bado ilisomeka kwa jina la Ismail Haruna, msimamizi wa mirathi ya baba yake, aliyekopa kwa kuiweka rehani akashindwa kulipa, kisha akatoweka.

"Kila nikienda naambiwa kuna zuio," alisema. "Mtu kaweka zuio jina lisibadilishwe. Nani? Hawamjui. Yuko wapi? Hawajui. Sasa Msajili kasema nimtafute mimi, kwa mtu anayeijua kazi hiyo, nimpelekee notisi. Asipoonekana mpaka Ijumaa, zuio linafutwa."

"Na akionekana?"

Theopista aliivuta khanga yake mabegani. "Wewe mtafute tu."

*

Polycarp, karani wa masijala katika ofisi ya usajili, alimwamkia shikamoo bila kuinua macho, kisha akamwona ni nani akainuka.

"Mzee wa wito. Nani tena kashtakiwa?"

"Hakuna. Nataka kuliona jalada la Narung'ombe. Barua ya Msajili hii hapa."

Polycarp aliisoma barua mpaka kwenye muhuri, akaenda ndani, akarudi na jalada jembamba lililofungwa kwa kamba ya katani. Fikirini alivaa miwani. Alisoma kama alivyozoea, kutoka nyuma kwenda mbele, kwa kuwa karatasi za nyuma ndizo zilizoingia kwanza na watu hudanganya kidogo kabla hawajachoka.

Cheti cha kifo cha Haruna Mwinyihaji: tarehe 11 Januari 2021. Barua ya mahakama ya mwanzo kumteua Ismail msimamizi. Halafu ridhaa ya mjane, Bi Kijakazi Twaha, kwamba anakubali nyumba iwekwe rehani. Imeapwa mbele ya wakili Rogath Temu, tarehe 27 Aprili mwaka huohuo. Mwisho kabisa, zuio lenyewe. Mwenye zuio: Kijakazi Twaha. Anwani: sanduku la posta, basi. Hakuna simu, hakuna mtaa.

"Notisi mlituma hapa?" aliuliza Fikirini, akiweka kidole kwenye namba ya sanduku.

"Tatu. Hajajibu hata moja."

Fikirini aliziweka karatasi mbili ubavu kwa ubavu. Kwenye ridhaa kulikuwa na dole gumba la wino wa zambarau. Kwenye zuio jina lilikuwa limeandikwa kwa mkono, herufi kubwa zinazotetemeka, kila moja imesimama peke yake.

"Huyu mama anaandika au haandiki?"

Polycarp aliinama. "Labda kajifunza baadaye."

"Labda." Fikirini alinakili tarehe zote nne kwenye daftari lake dogo. "Niambie utaratibu. Nikimkosa?"

"Unaandika taarifa, hakupatikana, unaituma kwa rejista. Mkononi hatupokei siku hizi, watu walikuwa wanakana walicholeta. Zuio linaondoka, mama wa mnada anaandikwa jina lake wiki ijayo."

"Nikimpata, akapinga?"

"Msajili hagusi kitu mpaka mahakama iseme."

"Mahakama itasema lini?"

Polycarp alilifunga jalada kwa kamba yake, fundo juu ya fundo. "Mzee, wewe umekaa mahakamani miaka mingapi? Wewe ndiye wa kuniambia mimi."

*

Wakili Rogath Temu alikuwa na chumba ghorofa ya nne, dirisha likitazama viwanja vya Mnazi Mmoja. Alikuwa mtu mnene, mpole, mwenye tai iliyolegezwa. Fikirini alipanda ngazi zote akapumzika mara mbili.

"Nataka anwani ya mteja wako mmoja, wakili. Kijakazi Twaha."

"Hakuwa mteja wangu. Niliapisha tu." Rogath aliitazama nakala. "Lakini huyu namkumbuka."

"Miaka minne imepita."

"Namkumbuka kwa harufu. Asumini na udi. Chumba hiki kilinukia mpaka jioni. Na hina, mzee wangu. Mpya, imekolea, mpaka kwenye kiwiko. Nilimtania, mama umetoka harusini nini? Akacheka. Kijana wake naye akacheka."

"Ismail alikuwepo?"

"Ndiye aliyemleta."

"Uso wa mama ulikuwaje?"

Rogath aliikaza tai, kisha akailegeza tena. "Alikuwa na nikabu."

"Ulimwambia afunue ulinganishe na kitambulisho?"

"Mzee, mimi ni mtu wa Marangu. Mwanamke wa Kiislamu yuko mbele yangu na mwanawe, nimwambie avue? Niliona haya. Kitambulisho kilikuwa chake, jina lake, nikagonga muhuri."

Fikirini aligeukia dirisha. Chini, kwenye viwanja, mtu alikuwa anajaribu vipaza sauti kwa ajili ya mkutano fulani: moja, mbili, moja, mbili.

"Kwenu Marangu mume akifa, mjane anafanya nini?"

"Tunazika, tunaanua matanga, baada ya hapo anaendelea na maisha. Atafanyaje? Migomba inamngoja."

"Kwetu anakaa eda. Miezi minne na siku kumi. Hatoki nyumbani ila kwa shida kubwa, na akitoka hatoki amejipamba. Hapaki hina. Hajitii manukato. Hata wanja hapaki. Mzee Haruna alikufa Januari kumi na moja. Eda ya mkewe ilikwisha baada ya katikati ya Mei. Wewe umemwapisha Aprili ishirini na saba, ana hina mpaka kwenye kiwiko."

Wakili aliichukua nakala akahesabu kwa vidole juu ya meza. Alihesabu mara mbili. Halafu akavua miwani.

"Basi aliyekuja hapa ni nani?"

"Sijui. Mwanamke aliyevalishwa na mtu mwenye haraka. Ismail ni mtoto wa mjini, angepaswa kujua. Lakini nadhani alimtazama wakili akaona hatajua."

"Mzee wangu." Sauti ya Rogath ilishuka. "Hili ukiliandika, mimi leseni yangu imekwenda. Nina watoto watatu shuleni. Kosa langu ni haya tu."

"Nimekuja kutafuta anwani," alisema Fikirini, akainuka. "Nimeikosa."

*

Alhamisi ilianza vibaya. Pale Narung'ombe, nyumba ya Kiswahili ya vyumba sita na ukumbi katikati, imebanwa na maghorofa mawili mapya, wapangaji wote walitikisa kichwa. Kijakazi? Hapana. Fundi viatu wa barazani ndiye aliyefikiri sana, akasema yuko Kijakazi mmoja Feri, anauza samaki, zamani alikuwa anaishi mitaa hii.

Fikirini alikwenda huko Feri, soko la samaki la Kivukoni. Mnada wa asubuhi ulikuwa umepamba moto, nguru na changu wakipita juu ya vichwa vya watu. Alimkuta Kijakazi amesimama nyuma ya beseni, kisu mkononi, mwanamke wa miaka thelathini hivi.

"Twaha?" alisema. "Baba yangu anaitwa Sefu. Lakini kama kuna nyumba ya Kariakoo inamtafuta Kijakazi, mimi nipo, nitabadilisha hata baba."

Wenzake walicheka.

"Inayotafutwa ni ya kesi," alisema Fikirini.

"Ah. Basi mimi si Kijakazi. Niulize bei ya pweza."

Asubuhi nzima ilikuwa imekwenda. Alirudi kwa miguu akifikiri juu ya kosa lake, na alipofika karibu na Msimbazi alikuwa amelijua. Alikuwa ameuliza jina la kwenye karatasi. Miaka ishirini na sita ya kazi, naye amesahau kwamba mwanamke mzee wa Kariakoo haitwi jina la kwenye karatasi na mtu yeyote aliye hai.

Akabisha hodi tena Narung'ombe. Safari hii alimwuliza yule fundi viatu: "Mama yake Ismail anakaa wapi?"

"Bi Mkubwa? Si huyo chumba cha uani. Mbona hukusema?"

Bi Mkubwa alikuwa amekaa kwenye mkeka, miguu ameinyoosha, anachambua mchele. Mjukuu wake Ummy, mwanamke mzima anayeshona nguo za watoto, alikuwa kwenye cherehani karibu na mlango.

"Shikamoo, bi mkubwa."

"Marahaba, mwanangu. Kaa. Ummy, mpe kigoda."

"Namtafuta Kijakazi Twaha."

Kikongwe aliinua uso. Alikuwa na macho yenye ukungu wa mtoto wa jicho, lakini sauti yake ilikuwa kavu na safi. "Siku nyingi sijaitwa hivyo. Aliyeniita hivyo tumemzika."

"Wewe ndiye uliyeweka zuio?"

"Mimi," alisema Ummy kabla bibi hajajibu. "Yaani yeye, ila nilimpeleka mimi. Walipobandika tangazo la mnada mlangoni. Nikamwambia aandike jina, akaandika."

"Mwenyewe? Kwa kalamu?"

"Elimu ya watu wazima," alisema Bi Kijakazi. "Mwaka sabini na tatu, jioni, baada ya kupika. Haruna alinishikia taa. Tangu siku niliyojua kuandika jina langu sijaweka dole gumba pahala popote. Mtu akinipa wino namrudishia."

"Notisi tatu zilitumwa kwenye sanduku la posta."

"Sanduku la marehemu. Ufunguo anao Ismail."

Fikirini alifungua daftari. "Aprili, mwaka aliokufa mzee, ulikwenda kwa wakili Mnazi Mmoja?"

Bi Kijakazi aliacha kuchambua. "Nilikuwa kwenye eda."

"Hukutoka hata mara moja?"

"Nilitoka mara moja, hospitali, presha. Ummy alinipeleka nikiwa na nguo yangu nyeupe. Nani kasema nilikwenda kwa wakili?"

Hapakuwa na namna ya kulizungusha. Fikirini alimwambia yote: ridhaa, dole gumba, nikabu, hina, Ismail amesimama pembeni anacheka. Ummy aliisimamisha cherehani. Bibi alisikiliza mpaka mwisho, kisha akaokota chuya moja kwenye ungo, akaitupa.

"Kitambulisho changu alikichukua kwa ajili ya rambirambi za kazini kwa baba yake," alisema. "Alikirudisha kesho yake. Alinibusu mkono."

"Bibi, si nilikwambia," alisema Ummy.

"Ulinambia." Akamgeukia Fikirini. "Wewe unaandika wapi haya?"

"Kesho natuma taarifa kwa Msajili. Nikiandika umepatikana na unapinga, nyumba itabaki hivi mpaka mahakama iamue. Nikiandika hukupatikana, inakwenda kwa aliyenunua, nawe utatolewa."

"Kesi itachukua muda gani?"

Hakumdanganya. "Miaka. Sita. Nane. Itategemea."

"Mimi nina miaka sabini na tisa." Alisema hivyo bila uchungu, kama mtu anayetaja namba ya chumba. "Na Ismail?"

"Ridhaa ya kughushi ni jinai. Watamtafuta. Akionekana, atafungwa."

Uani mpangaji mmoja alifungulia bomba, maji yakapiga ndoo tupu, kisha yakakatika.

"Andika sikupatikana," alisema Bi Kijakazi.

"Bibi," alisema Ummy.

"Nyamaza. Nyumba nitaiacha kwa vyovyote, kwa miguu au kwa jeneza. Mtoto ninaye mmoja aliyebaki. Mwanangu, andika ulibisha hodi hakuna aliyeitika. Huo si uongo mkubwa. Leo asubuhi ulikuja, hukuniona."

Fikirini aliitoa notisi, akaiweka juu ya mkeka mbele yake. "Nimekuja mara ya pili, bi mkubwa. Nimekuona."

Bi Kijakazi hakuigusa. Ni Ummy aliyeinuka, akaiokota na kutia sahihi.

*

Ijumaa asubuhi Theopista alikuwa anamngoja mlangoni pa stoo. Alimtazama usoni akajua.

"Umempata."

"Nimempata. Mjane wa mzee Haruna. Anakaa humohumo ndani ya nyumba."

"Na?"

"Ridhaa iliyopelekwa benki si yake. Alipelekwa mwanamke mwingine kwa wakili."

Theopista alikaa juu ya belo. Vijana wa mkokoteni walipita na mzigo wakamwamkia, hakuitikia.

"Mzee Fikirini. Mimi nimeiba?"

"Hapana."

"Nimemghushi mtu? Nilisoma tangazo la mnada gazetini. Nilikwenda mchana kweupe, nikanyoosha mkono mbele za watu."

"Hukuiba, naye hakuiba. Aliyeiba hayupo."

"Basi mimi nalipia ya nani?" Alionyesha kwa kidevu godoro na sare za shule. "Watoto wanalala juu ya nguo za wazungu mwaka mzima. Nikisema naidai benki, ni kesi. Nikimdai dalali, ni kesi. Huyo bibi anataka nini yeye?"

"Anataka niandike hakupatikana. Kwa ajili ya mwanawe."

Theopista aliinua kichwa. Kwa mara ya kwanza tangu Jumatano uso wake ulifunguka. "Anataka mwenyewe? Mimi nataka, yeye anataka. Wakili?"

"Wakili naye."

"Basi wewe ni nani wa kukataa? Watu wote wenye nyumba hiyo wanakuomba jambo moja. Nitamwachia chumba cha uani, akae mpaka siku yake. Nakuapia kwa Mungu, nitamwandikia karatasi."

Ilikuwa ahadi nzuri, na Fikirini aliamini kwamba angeitimiza. Alitoa kalamu na karatasi ya mistari, akaegemea belo, akaanza kuandika. Theopista alisimama nyuma ya bega lake akisoma kila neno lilivyokuwa likitoka.

*Kwa Msajili wa Hati. YAH: Zuio la Kijakazi Twaha, Mtaa wa Narung'ombe. Naarifu kwamba tarehe ya jana saa tisa alasiri nilimkuta mwenye zuio katika chumba cha uani cha nyumba husika, nikampa notisi mbele ya mjukuu wake, aliyetia sahihi. Mwenye zuio ana akili timamu na anajua kuandika jina lake. Naarifu pia kwamba tarehe 27 Aprili 2021, inayotajwa katika ridhaa, alikuwa katika eda ya mumewe na hakufika kwa wakili. Aliyefika ni mtu mwingine, amefunika uso, ana hina mikononi. Mwenye zuio aliniomba niandike kwamba hakupatikana. Mnunuzi aliniomba vivyo hivyo. Nimempata.*

Theopista aliposoma neno la mwisho alichukua mtandio, akafunga stoo, akamfuata. Alimfuata hatua mbili nyuma mpaka posta, labda akitumaini mzee angebadili mawazo njiani, labda kwa kuwa hakuwa na pa kwenda.

Dirishani kulikuwa na foleni fupi. Fikirini alikunja karatasi mara tatu, akaitia ndani ya bahasha ya kaki pamoja na nakala ya notisi yenye sahihi ya Ummy, akapaka gundi ya kaunta. Gundi ilikuwa nyepesi, bahasha ikafunguka mdomo.

"Haijashika hiyo," alisema karani wa posta. "Ibaneni kidogo. Rejista haiendi ikiwa wazi."

Mikono ya Fikirini ilikuwa imejaa: kalamu, stempu, kitambulisho alichoombwa aonyeshe. Theopista aliitazama bahasha. Halafu aliweka kiganja chake juu yake, akaegemea kwa uzito wake wote, akahesabu kimya, midomo ikicheza, mpaka gundi ikashika. Akaondoa mkono. Karani aliivuta, akapiga muhuri wa Ijumaa, akaitupa ndani ya gunia.